Je, Wajua? Hadithi Inayojijua Kuwa Ni Hadithi

Je, wajua kwamba ukisimama Kombani, pale njia ya Kwale mjini inapochepuka, ukaifuata barabara kuu kusini hadi Lungalunga na kuvuka mpaka Horohoro, utatokea Tanga, kwao mtu aliyeitundika nchi nzima angani? Shaaban Robert alizaliwa Vibambani, karibu na Tanga, mwaka 1909. Nchi yake ya angani ni Kusadikika, na kitabu chenye jina hilo kilitoka 1951.

Je, wajua kwamba sehemu kubwa ya Kusadikika ni mtu kasimama barazani akisimulia hadithi? Karama ameshtakiwa na Waziri Majivuno kwa kosa la kufundisha uanasheria. Anajitetea kwa visa vya wajumbe sita: Buruhani, Fadhili, Kabuli, Auni, Ridhaa na Amini. Walitumwa pande nne za dunia, mbinguni na ardhini, wakatafute mambo ya kuifaa nchi yao, na ujira wao ukawa mateso. Ukisoma mbiombio utadhani mwandishi ameisahau kesi. Wapi! Kila kisa ni ushahidi, na wakubwa wanaosikiliza ndio hao hao wanaosimuliwa. Karama aliachiwa huru. Naye Shaaban Robert alikuwa mtumishi wa serikali ya kikoloni. Kuipeleka nchi angani ilikuwa akili, si mapambo.

Je, wajua kwamba mwaka mmoja baadaye, katika Adili na Nduguze, alirudia mbinu hiyo? Mfalme Rai wa Ughaibuni anataka kujua kwa nini Adili huwapiga manyani wawili kila usiku. Jibu la Adili ndilo hadithi yenyewe, na manyani ni ndugu zake. Kisa hicho kina asili yake katika Alfu Lela u Lela, ambako msimuliaji naye anaomba uhai kwa kusimulia.

Je, wajua kwamba hata kima alijiokoa hivyo? Edward Steere alichapisha mwaka 1870 hadithi alizozikusanya Unguja, mojawapo ikiwa ya kima, papa na punda wa dobi. Papa ambeba kima baharini; katikati ya safari amwambia kwamba sultani wao mgonjwa anahitaji moyo wa kima. Kima ajibu kwamba wao huacha mioyo nyumbani, juu ya miti. Warudi. Kima apanda mtini, akataa kushuka, kisha amsimulia papa habari za punda aliyeponea kwa simba, akashawishiwa na sungura arudi, akauawa. Sungura akala moyo na masikio, akamwambia simba kwamba punda yule hakuwa navyo. Angekuwa navyo, asingerudi. Papa anaambiwa wazi: unataka kunifanya punda wa dobi. Wenyeji wa Diani wanaoporwa ndizi mezani na kima hawatashangazwa na ujanja huo.

Kisa hicho kilitoka India kupitia Kalila wa Dimna ya Kiarabu, ambamo rafiki wa kima ni kasa. Pwani yetu ikampa papa.

Je, wajua kwamba Utendi wa Mwana Kupona unajihesabu wenyewe? Mwana Kupona binti Msham, akiwa mgonjwa, anamwita bintiye alete wino na karatasi, na sisi tunasoma kile kile kinachoandikwa kwa wino huo. Mwishoni anataja idadi ya beti, 102, na mwaka wa Hijra, 1275, yaani mnamo 1858.

Je, wajua kwamba katika sehemu ya pili ya Don Quixote, ya mwaka 1615, wahusika wameshaisoma sehemu ya kwanza?

Je, wajua kwamba Abdulrazak Gurnah, katika Desertion (2005), anaanzia mji mdogo wa pwani ya Kenya mwaka 1899, kisha msimuliaji anaikatiza hadithi na kujitokeza? Kumbe mapenzi tuliyokuwa tukiyafuata, mengine ameyakisia tu. Kwangu mimi ndicho kipande bora cha riwaya ile.

Je, wajua kwamba mhusika wa kubuni aliwahi kusakwa na polisi nchini Kenya? Ngũgĩ wa Thiong'o alichapisha Matigari kwa Kigĩkũyũ mwaka 1986, akimwambia msomaji mwanzoni kwamba hadithi ni ya kubuni na achague mwenyewe nchi inakotokea. Ngũgĩ amesimulia kwamba mapema 1987 wapelelezi waliripoti juu ya mtu aitwaye Matigari, anayezunguka nchi akiulizia ukweli na haki. Amri ikatoka akamatwe. Ilipobainika kwamba yumo kitabuni tu, kikakamatwa kitabu.

Msomaji, ukiwa na bibi Golini, Waa au Tiwi, mwombe akusimulie ya kima na papa kabla hajalala. Mwulize pia kama anamjua punda wa dobi, maana wasimuliaji wengine humwacha. Kisha tuandikie.