Mwandishi wa Habari Mbele ya Televisheni ya Uhalisia: Safari ya Emily Nussbaum

1. Utangulizi

Katika uhakiki wa fasihi ya Kiswahili neno "uhalisia" limezoeleka kwa muda mrefu. Hutumika pale mtunzi anapojitahidi kuyachora maisha kama yalivyo, ingawa kila msomaji anafahamu kwamba kitabu kimetungwa. Neno hilohilo sasa limehamia kwenye televisheni. Vipindi vya uhalisia, ambavyo Wakongomani wanaosoma Kifaransa huviita téléréalité, ni vile ambamo watu wasio waigizaji hufungiwa katika nyumba moja, hupelekwa porini au hukutanishwa na wachumba, huku kamera zikiwafuata. Baadaye saa nyingi za picha hukatwa na kuunganishwa hadi zikawa hadithi.

Kuna tofauti moja kubwa kati ya uhalisia huu na ule wa riwaya. Katika riwaya mtunzi hutia jina lake juu ya jalada, na mhusika hana damu. Katika televisheni mtunzi hujificha, na mhusika ni mtu mwenye wazazi, kazi na majirani, ambaye atarudi kwao baada ya kipindi kwisha. Ni nani basi awezaye kumhakiki mtunzi aliyejificha?

Makala haya yanakusudia kulijibu swali hilo kwa kufuata kazi ya Emily Nussbaum, mwandishi wa Marekani aliyeanzia katika fasihi, akawa mhakiki wa televisheni, na hatimaye akaandika historia ya vipindi vya uhalisia. Hoja inayotetewa ni kwamba thamani ya mwandishi wa aina hii haiko katika kutangaza nani ameshinda na nani ametolewa. Iko katika kuonyesha jinsi "ukweli" unaotazamwa ulivyotengenezwa, na nani aliyelipa gharama yake.

2. Kutoka fasihi hadi televisheni

Nussbaum alizaliwa mwaka 1966. Alisoma katika Chuo cha Oberlin, jimbo la Ohio, kisha akapata shahada ya uzamili ya ushairi katika Chuo Kikuu cha New York. Alianza pia masomo ya udaktari wa fasihi, lakini hakuyamaliza. Kilichomvuta upande mwingine ni tamthilia ya Buffy the Vampire Slayer, hadithi ya msichana anayepambana na wafu wanyonyao damu. Wakati huo, mwishoni mwa miaka ya 1990, wasomi wengi walikihesabu chombo cha televisheni kuwa cha kupumbaza watu. Kipindi kikisifiwa, kilisifiwa kwa kufananishwa na riwaya au sinema. Nussbaum alishika msimamo tofauti: televisheni ina kanuni zake, na ihukumiwe kwa kanuni hizo.

Msimamo huo ulionekana mapema katika jarida la New York, alikokuwa mhariri wa utamaduni. Huko alibuni jedwali la ukurasa wa mwisho lililoyapanga matukio ya sanaa na burudani kwa mihimili miwili: kati ya hadhi ya juu na hadhi ya chini, na kati ya kinachopendeza na kinachochukiza. Maana yake ilikuwa wazi. Kitu cha hadhi ya juu chaweza kuwa kibaya, na kitu kinachodharauliwa chaweza kuwa kizuri.

Mwaka 2011 aliingia katika jarida la The New Yorker kama mhakiki wa televisheni, na mwaka 2016 alipewa Tuzo ya Pulitzer ya uhakiki. Mwaka 2019 alitoa mkusanyo wa makala zake uitwao I Like to Watch. Mwaka huohuo aliacha safu ya uhakiki, akabaki katika jarida hilo kama mwandishi wa makala ndefu za uchunguzi. Badiliko hilo ndilo lililomfikisha kwenye kitabu chake cha mwaka 2024, Cue the Sun!, kinachohusu chimbuko la televisheni ya uhalisia. Anwani yake imetoka katika filamu The Truman Show ya mwaka 1998, inayomhusu mtu asiyejua kwamba maisha yake yote ni kipindi.

3. Kwa nini kutazama hakutoshi

Mhakiki wa tamthilia ana matini kamili mbele yake. Anajua nani ameandika maneno na nani ameyatamka. Mhakiki wa kipindi cha uhalisia hana bahati hiyo, kwa kuwa kinachoonekana ni mabaki ya kazi iliyofanyika gizani. Mshiriki huhojiwa pembeni. Swali la mtayarishaji hufutwa, jibu likabaki kana kwamba lilitoka lenyewe. Vipande vya sentensi mbili zilizosemwa siku mbalimbali huweza kuunganishwa vikawa sentensi moja ambayo hakuna aliyeitamka. Kicheko cha Jumatatu chaweza kuwekwa baada ya neno la Alhamisi. Aidha, washiriki mara nyingi hunyang'anywa simu, hukosa usingizi na hupewa pombe kwa wingi, kisha hasira zao huitwa tabia zao. Mikataba ya usiri huwazuia kuyasimulia hayo.

Kwa sababu hiyo Nussbaum alilazimika kutoka kwenye kiti cha mtazamaji. Kitabu chake kimejengwa juu ya mahojiano na watu zaidi ya 300, wakiwemo watayarishaji, wapiga picha, wahariri na washiriki. Utanzu huu anaueleza kuwa ni filamu ya maisha halisi iliyochafuliwa, yaani iliyochanganywa na michezo ya bahati, tamthilia za mapenzi na mizaha ya kuwategea watu.

Historia anayoisimulia ni ndefu kuliko wengi wanavyodhani. Mwaka 1947 Allen Funt alianza kuwarekodi watu kwa siri redioni, na mwaka uliofuata akaipeleka mbinu hiyo kwenye televisheni. Mwaka 1973 ilionyeshwa An American Family, yenye sehemu 12, iliyowafuata akina Loud wa Santa Barbara, California. Mama wa familia alimweleza mumewe nia ya kuachana mbele ya kamera. Baadaye wanafamilia walilalamika kwamba hawakuchorwa kwa haki. Malalamiko hayo yamerudiwa na washiriki wengi waliofuata.

Mwaka 1992 ilitokea The Real World, iliyowaweka vijana saba katika nyumba moja jijini New York. Watayarishaji wake, Mary-Ellis Bunim na Jonathan Murray, walitaka kwanza kutunga tamthilia ya kawaida, ila gharama za waandishi na waigizaji zikawashinda. Hapo pana ufunguo wa jambo zima: vipindi hivi vilistawi kwa kuwa ni rahisi. Mgomo wa waandishi wa filamu na televisheni wa mwaka 1988 uliwahimiza wenye vituo kutafuta vipindi visivyohitaji mtunzi, na Cops, kipindi cha kuwafuata polisi kazini, kikaanza mwaka 1989. Fainali ya kwanza ya Survivor, Agosti 2000, ilitazamwa na Wamarekani wapatao milioni 51. Mtayarishaji wake, Mark Burnett, ndiye aliyeanzisha The Apprentice mwaka 2004, kipindi kilichomchora Donald Trump kuwa tajiri asiyekosea. Mwaka 2016 mtu huyo alichaguliwa kuwa rais. Baada ya hapo ilikuwa vigumu kudai kwamba burudani hiyo ni jambo dogo.

4. Mhusika ni mfanyakazi?

Mwaka 2024 Nussbaum aliandika katika The New Yorker juu ya Love Is Blind, kipindi cha Netflix ambamo watu huchumbiana bila kuonana. Swali lake lilihusu kazi, siyo mapenzi: je, anayeishi wiki kadhaa chini ya amri za watayarishaji ni mgeni aliyejitolea au ni mfanyakazi? Mwigizaji ana chama, mshahara na saa za kupumzika. Mshiriki hupewa posho ndogo na mkataba mzito. Desemba mwaka huohuo ofisi ya kanda ya bodi ya serikali ya Marekani inayosimamia mahusiano ya kazi ilitoa mashtaka yaliyodai kwamba washiriki wa kipindi hicho wahesabiwe kuwa wafanyakazi. Hivyo swali lililoonekana la magazeti ya burudani likafika mbele ya sheria.

5. Moto Maji: mfano wa Shaba

Msomaji wa Lubumbashi asidhani kwamba mambo haya ni ya mbali. Awamu ya tatu ya Survivor, iliyoonyeshwa kuanzia Oktoba 2001, ilipigwa picha katika Hifadhi ya Shaba, kaskazini mwa Kenya, jina ambalo mkoa wa Katanga nao uliwahi kulibeba hadi mwaka 1997. Wamarekani 16 waligawanywa katika "makabila" mawili, Boran na Samburu. Yalipounganishwa, kundi jipya liliitwa Moto Maji.

Msemaji wa Kiswahili husita hapo. "Maji moto" anayafahamu. "Moto na maji" pia anaifahamu. "Moto Maji" ni maneno mawili ya Kiswahili yaliyowekwa pamoja kwa ajili ya sikio lisilojua Kiswahili. Hali kadhalika, majina ya jamii hai za Waborana na Wasamburu yaligeuzwa kuwa majina ya timu za wageni. Mtazamaji wa Marekani hakuwa na sababu ya kuliona hilo. Mhakiki wa Kiswahili analiona mara moja, na hiyo ndiyo sehemu ya kazi isiyoweza kufanywa na mwingine.

Nafasi ya kuifanya ipo. Big Brother Africa ilianza mwaka 2003 ikiwa na washiriki kutoka Kenya, Tanzania na Uganda miongoni mwa nchi nyingine, na Watanzania wawili, Richard Bezuidenhout mwaka 2007 na Idris Sultan mwaka 2014, waliibuka washindi.

6. Hitimisho

Safari ya Nussbaum inafundisha mambo mawili. Kwanza, elimu ya fasihi haipotei inapoelekezwa kwenye vitu vinavyodharauliwa: jicho lililozoea kumtafuta msimulizi ndani ya riwaya ndilo linalomtambua mhariri nyuma ya kamera. Pili, uhakiki wa kutazama tu hauwezi kuwatendea haki watu ambao maisha yao yamefanywa bidhaa. Ni lazima waulizwe wenyewe. Kiswahili kinalo tayari neno "uhalisia", na kinayo mazoea ya kuuliza uhalisia huo ni wa nani. Yafaa swali hilo liulizwe pia pale mhusika anapokuwa mtu aliye hai.