Jengo la Singer: Kilichoangusha mnara uliokuwa mrefu kuliko yote duniani

Kwa mafundi wengi wa Afrika Mashariki, Singer ni jina lililoandikwa kwa rangi ya dhahabu ubavuni mwa cherehani nyeusi. Ni wachache wanaofahamu kuwa kampuni hiyo ya Marekani iliwahi kumiliki jengo refu kuliko yote duniani, ambalo leo halipo tena.

Jengo hilo la ofisi lilikuwa katika barabara ya Broadway, jijini New York. Lilibuniwa na msanifu majengo Ernest Flagg na kukamilika mwaka 1908, likiwa na urefu wa mita 187. Nguzo za ukumbi wake zilipambwa kwa nembo ya kampuni pamoja na picha za sindano, uzi na bobini. Mwaka uliofuata rekodi yake ilivunjwa na mnara wa Metropolitan Life, katika jiji hilo hilo.

Flagg alihofia kwamba majengo marefu yaliyosongamana yangeinyima mitaa jua na hewa. Kwa sababu hiyo, mnara wake ulikuwa na upana wa takriban mita 20 tu kila upande, ukichomoza juu ya jengo pana la chini. Fikra kama hiyo iliingia katika sheria ya mipango miji ya New York ya mwaka 1916, iliyoruhusu mnara kupanda bila kikomo iwapo haukuzidi robo ya kiwanja.

Hata hivyo, wembamba huo ndio ulioliponza jengo. Baada ya Vita Kuu ya Pili, makampuni makubwa yalitaka wafanyakazi wengi wakae katika ghorofa moja. Ndani ya mnara wa Singer, lifti na ngazi zilikwisha kumeza sehemu ya nafasi iliyokuwa ndogo tangu awali.

Mwaka 1961 jengo liliuzwa kwa mwekezaji William Zeckendorf, aliyetarajia kulihamishia Soko la Hisa la New York eneo hilo. Mpango huo ulikwama, na mwaka 1964 kampuni ya chuma ya United States Steel ikalinunua.

Mwaka 1965 jiji liliunda tume ya kuhifadhi majengo ya kihistoria, kufuatia hasira za wananchi juu ya kubomolewa kwa stesheni ya Pennsylvania. Lakini tume hiyo haikuliorodhesha Jengo la Singer. Mtendaji wake, Alan Burnham, alieleza kuwa kama lingelindwa, jiji lingelazimika kulitafutia mnunuzi au kulinunua lenyewe.

Ubomoaji ulianza mwaka 1967. Mahali pake pakajengwa One Liberty Plaza, jengo la ghorofa 54 lililokamilika mwaka 1973, lenye sakafu pana mara kadhaa kuliko zile za mnara wa Flagg.

Kwa nusu karne, hakuna jengo refu zaidi lililobomolewa kwa hiari ya wenyewe, hadi mwaka 2019 lilipoanza kuvunjwa jengo la 270 Park Avenue, pia jijini New York. Sheria ya kuhifadhi ilikuwapo Singer ilipoanguka. Aliyekosekana ni wa kubeba gharama.