Vitumbua vya Mapipa vimenirudisha darasani!

Asikudanganye mtu, Magomeni usomi unauzwa pamoja na vitumbua. Juzi asubuhi njaa inauma, nikajivuta mpaka kwa mama mmoja pale Mapipa.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Vingapi leo?"

Vinne. Akanifungia kwenye karatasi, nikawa natembea huku natafuna. Kufika cha pili jicho likatua kwenye ile karatasi: ung'eng'e mgumu, Kilatini kibao, na neno moja tu ninalolijua, Usambara.

Nikageuza mbio. Chini ya meza kulikuwa na boksi la vitabu vitatu vya wasomi, kaletewa na kijana anayeuza makaratasi kwa kilo. Cha mimea kilishabaki nusu. Cha sanaa kilipona kwa kuwa karatasi zake zinateleza, hazinyonyi mafuta. Cha hesabu zamu yake ilikuwa kesho.

"Mama, niuzie basi."

"Nikikuuzia wateja niwafungie kwenye viganja?"

Tukapatana: nimletee magazeti ya zamani, kilo kwa kilo.

Kile cha mimea kumbe ni kipande cha Flora of Tropical East Africa, mfululizo uliotoka kidogo kidogo kuanzia 1952 mpaka 2012. Miaka 60 watu wanaorodhesha mimea ya Tanzania, Kenya na Uganda, zaidi ya aina 12,000! Ukurasa wangu ulikuwa wa ua dogo la zambarau. Mwaka 1892 mtawala wa Kijerumani kule Tanga, Baron Walter von Saint Paul-Illaire, alilikuta Usambara akapeleka mbegu kwao. Mwaka uliofuata wataalamu wakalipa jina lake, Saintpaulia. Leo linauzwa kwenye vyungu Ulaya na Marekani. Mimi Mbongo nimelijua kupitia mafuta ya kitumbua.

Cha sanaa nilikifungua, nikakutana na Edward Said Tingatinga, aliyeanza kuchora 1968 hapa hapa Dar kwa rangi za baiskeli juu ya hadibodi, chuo cha sanaa hakukanyaga. Mwaka 1972 polisi walimpiga risasi kwa kumdhania mhalifu. Nilikuwa nadhani zile picha ni za watalii tu.

Sasa cha hesabu. Msomaji wangu, form four hesabu nilipata F, tena ile iliyonona. Novemba narudia kama mtahiniwa wa kujitegemea, ada nimelipa kwa vijisenti vya makala hizi hizi. Nikianguka tena, cheti cha chuo nitakiona kwenye fremu za wenzangu. Na aliyeniangusha namjua: Pythagoras.

Kitabu chenyewe ni Geometry from Africa cha mwaka 1999, kaandika Paulus Gerdes, mzaliwa wa Uholanzi aliyefundisha Msumbiji na kufariki 2014. Huyu bwana hakuanza na ubao. Kaanza na kifungo cha mraba cha kusuka, kile cha kufungia kikapu. Ukifuata mistari ya msuko, ukakata na kupanga upya, mraba mmoja mkubwa unatoa miraba miwili midogo, eneo lile lile. Pythagoras huyo! Mwalimu wangu alitupa kanuni tukariri, basi.

Nikachukua penseli nikaunakili ule msuko, nikampelekea bibi mmoja, mpangaji mwenzangu, ambaye hushinda barazani akisuka ukili wa mikeka.

"Bibi, hii ni hesabu ya wasomi."

Akaivuta karatasi karibu na macho.

"Umekosea, mjukuu wangu. Huu wa tatu unapita chini, siyo juu."

Nikafungua kitabu, nikahesabu. Kweli, wa tatu ulipita chini.

Sasa kila jioni nakaa naye barazani, kitabu mapajani. Kasoro ni deni la mama wa Mapipa, bado kilo mbili. Kwa hiyo ukimaliza gazeti hili usilitupe, nitafutie. Na siku ukinunua vitumbua pale ukakuta makala hii imelowa mafuta, ujue nimeshalipa.