Taksonomia: Bidhaa Yako Imewekwa Fungu Gani?

Muuza nyanya sokoni hupanga mafungu. Zilizoiva vizuri fungu lake, zinazoanza kuiva fungu lake, na zilizopondeka hutengwa pembeni kwa bei ya kutupa. Mnunuzi akifika haulizi mpango huo umetungwa na nani. Anatazama fungu, anataja bei, biashara inaendelea.

Kompyuta nayo hupanga mafungu, na mpango mzima wa mafungu hayo, kuanzia lile kubwa kabisa hadi dogo la mwisho, wataalamu wanauita taksonomia. Neno hili sasa linatajwa kwenye semina za uhasibu, kwenye ofisi za mawakala wa forodha na hata kwenye barua za mabenki. Wengi wanaitikia kwa kichwa tu. Wiki hii tumeamua kulieleza, kwa sababu limewahi kuutia ukurasa huu aibu, au tuseme lilikaribia.

Kisa chenyewe ni hiki. Tulitaka kuchapisha wastani wa bei ya karafuu inayouzwa nje. Tukachukua jedwali la takwimu za biashara, tukagawanya thamani kwa kilo, ikatoka bei ya chini kiasi cha kumshangaza mkulima yeyote wa Pemba. Mwenzetu mmoja aliyekulia Wete alipoiona akauliza swali moja tu: "Na makonyo mmeyatoa?" Hatukuyatoa. Wala tusingeweza kuyatoa, kwa kuwa katika namba za bidhaa zinazotumiwa na forodha duniani, kichwa cha 0907 kinakusanya karafuu zenyewe, matunda yake mazima na makonyo yake, yote pamoja. Mgawanyo unaofuata, wa tarakimu sita, unatenganisha zisizosagwa na zilizosagwa. Hautenganishi karafuu na kikonyo.

Tuchukue hesabu ya kubuni. Tani 10 za karafuu kwa shilingi 10,000 kilo, na tani 10 za makonyo kwa shilingi 1,000 kilo. Jedwali litakuonyesha tani 20 za "karafuu" kwa wastani wa shilingi 5,500. Hakuna mtu hata mmoja aliyeuza wala kununua kwa bei hiyo. Hesabu ni sahihi, fungu ndilo lenye kasoro. Mkulima akiisoma gazetini ataamini kaibiwa, na mnunuzi mjanja ataikata karatasi hiyo aende nayo kwenye mazungumzo ya bei.

Tulianzie neno lenyewe. Asili yake ni Kigiriki, kutoka maneno mawili, moja la mpangilio na jingine la sheria. Aliyeliunda ni mtaalamu wa mimea wa Uswisi, Augustin Pyramus de Candolle, mwaka 1813, ingawa kazi yenyewe ilikuwa imeshaanzwa na Carl Linnaeus wa Sweden aliyechapisha mpango wake wa viumbe mwaka 1735. Ni huyo Linnaeus aliyeipa kahawa ya arabika jina lake la kitaalamu mwaka 1753. Robusta ilisubiri hadi mwaka 1897. Kwa maana hii ya kwanza, taksonomia ni mti wa ukoo: kila kiumbe kina mzazi mmoja juu yake, na hakikai sehemu mbili.

Watu wa kompyuta waliupenda mti huo kwa sababu mashine hufuata mti kwa urahisi. Anza juu, chagua tawi, shuka, chagua tena, mpaka ufike kwenye jani. Duka linaloweka bidhaa zake katika programu hufanya hivyo: vyakula, nafaka, mchele, mchele wa Mbeya. Hapa inafaa kutenganisha maneno mawili ambayo watu huyachanganya. Uainishaji ni kitendo, yaani kukichukua kitu na kukitia kwenye fungu lake. Taksonomia ni ule mpango wa mafungu uliokuwapo kabla hujakishika kitu chenyewe. Karani anaweza kuainisha kwa uaminifu kabisa ndani ya taksonomia mbovu, na ndivyo ilivyotupata sisi na makonyo.

Msomaji wa Kiswahili hahitaji kwenda Ugiriki kulielewa jambo hili. Tumelisoma darasani kwa jina la ngeli. Wakubwa zetu walifundishwa ngeli kwa umbo la neno: M-WA, M-MI, KI-VI. Baadaye walimu wakaja na mpango wa upatanisho: A-WA, U-I na kadhalika. Kwa mpango wa kwanza, "kiboko" yuko pamoja na kiti na kisu. Kwa mpango wa pili tunauliza kwanza ni kiboko gani. Kiboko ameingia shambani, huyo ni wa A-WA. Kiboko kimevunjika, hicho ni cha KI-VI. Neno ni lilelile, mafungu mawili, na mwanafunzi aliyejibu kwa mpango ambao msahihishaji hautumii alipoteza alama zake. Forodhani hupotea fedha.

Turudi basi kwenye namba za forodha, maana hiyo ndiyo taksonomia inayogusa mifuko ya wasomaji wetu wengi. Mfumo wenyewe hujulikana kwa herufi HS. Unasimamiwa na Shirika la Forodha Duniani lenye makao yake Brussels, na ulianza kutumika tarehe 1 Januari 1988. Tarakimu mbili za kwanza ni sura, nne ni kichwa, sita ni kichwa kidogo, na vichwa vidogo hivyo ni zaidi ya 5,000. Hadi tarakimu ya sita nchi zote zinazoutumia zinafanana. Baada ya hapo kila nchi au jumuiya huongeza zake kwa kadiri ya haja.

Faida yake ni kubwa. Kontena likitoka Guangzhou kwenda Dar es Salaam au Mombasa, karani asiyejua Kichina na mwenzake asiyejua Kiswahili wanaelewana kwa namba. Lakini mpango huu ulitungwa kwa ajili ya ushuru na takwimu, haukutungwa kwa ajili ya soko, na pale ambapo soko linaona tofauti kubwa wenyewe unaweza usione kitu.

Kahawa ni mfano mzuri. Kichwa cha 0901 kinauliza maswali mawili: imekaangwa au haijakaangwa, na je, imeondolewa kafeini? Basi. Kwa tarakimu sita, arabika ya Kilimanjaro na robusta ya Kagera ni kitu kimoja, ilhali arabika huuzwa kwa kufuata soko la bidhaa la New York na robusta lile la London, kwa bei ambazo zinaweza kuachana mno. Kwa hiyo ukiona wastani wa bei ya kahawa ya nchi fulani umeshuka, usikimbilie kusema soko limeanguka. Huenda mwaka huo robusta iliyouzwa ilikuwa nyingi kuliko arabika. Mlinganisho wa Tanzania na Uganda, ambako sehemu kubwa ya kahawa ni robusta, hauna maana mpaka mtu atenganishe aina hizo.

Korosho zimepata mpango ulio bora zaidi. Zenye ganda ni 0801.31, zilizobanguliwa ni 0801.32, na ukizikaanga zinaiacha sura hiyo kabisa na kuhamia sura ya 20. Karafuu nazo hivyohivyo: makonyo yakikamuliwa mafuta, mafuta hayo yanakwenda sura ya 33. Mwenye kiwanda aipime hesabu yake hapo, maana kila hatua ya kusindika inaweza kuibadilisha namba, na namba ikibadilika ushuru wa nchi inunuayo hubadilika pia. Si mara zote kwa faida. Nchi nyingi hutoza kidogo kwa mali ghafi na zaidi kwa iliyosindikwa.

Kwa upande wa uagizaji, Ushuru wa Pamoja wa Jumuiya ya Afrika Mashariki ulipoanza mwaka 2005 ulikuwa na viwango vitatu: asilimia 0 kwa mali ghafi na mitambo, 10 kwa bidhaa ambazo hazijakamilika, na 25 kwa zilizokamilika. Julai 2022 kikaongezwa kiwango cha nne cha asilimia 35. Zaidi ya hapo zipo bidhaa nyeti zenye viwango vyake. Kati ya fungu moja na jingine tofauti inaweza kuwa yote aliyotegemea mwagizaji kama faida.

Mitumba inaonyesha jinsi fungu linavyoweza kuwa na masharti yake. Nguo iliyovaliwa ina kichwa chake, 6309, lakini haitoshi kusema imevaliwa. Lazima ionyeshe dalili za wazi za kuchakaa, na lazima ije kwa marobota, magunia au shehena isiyopangwa. Shati la mtumba lililokunjwa vizuri katika mfuko wake mmoja mmoja linaweza kukataliwa fungu hilo na kurudishwa kwenye sura za nguo mpya. Wenye kuagiza wanalijua hili kuliko wahadhiri.

Ugomvi wa mafungu si wa kwetu peke yetu. Ule mashuhuri kuliko wote ulihusu nyanya. Sheria ya Marekani ya mwaka 1883 ilitoza ushuru wa asilimia 10 kwa mboga kutoka nje na kuyaacha matunda bure. Mwagizaji wa New York, John Nix, akaenda mahakamani kudai fedha zake kwa hoja kwamba nyanya ni tunda, na kwa taksonomia ya mimea alikuwa na haki kabisa. Mwaka 1893 Mahakama Kuu ya nchi hiyo ikaamua kwamba katika biashara na mezani nyanya huliwa kama mboga, kwa hiyo ni mboga. Nix akashindwa. Kila mtu aliyewahi kukatia kachumbari angempa hukumu hiyohiyo, ila wakili wake.

Kila taksonomia, iwe ya forodha au ya duka la mtaani, ina kapu moja la mwisho linaloitwa "nyinginezo". Huwezi kulikwepa, maana dunia huzaa vitu vipya kila siku. Lakini ndilo la kuchungulia kwanza ukitaka kujua afya ya mpango. Likianza kujaa kuliko mafungu yenye majina, mpango umezeeka. Ndiyo maana HS hufanyiwa marekebisho kila baada ya miaka kadhaa. Toleo la mwaka 2022 liliipa simu janja namba yake, 8517.13, ndege zisizo na rubani zikapata kichwa chao, 8806, na wadudu wa kuliwa wakapewa 0410.10, kwa hiyo senene waliokaushwa wa Bukoba sasa wana anwani yao katika biashara ya dunia.

Kwa msomaji wa takwimu, marekebisho hayo yana mtego. Bidhaa ikihamishwa fungu, jedwali litaonyesha fungu la zamani limeporomoka na jipya limechomoza, na mwandishi mvivu atatangaza soko jipya limezaliwa. Kabla ya kulinganisha mwaka 2021 na 2022 au 2023, uliza kwanza kama namba ni ileile.

Maana nyingine za neno hili tuzitaje kwa kifupi. Kwa wahasibu, taksonomia ni kamusi ya vipengele vya hesabu, kama mapato, madeni na mtaji, ambayo kila kimoja kimepewa lebo ili kompyuta isome taarifa za kampuni bila mtu kuzinakili; mfumo huo unaitwa XBRL. Umoja wa Ulaya nao una kanuni ya mwaka 2020 inayopanga ni shughuli zipi za uchumi zihesabiwe kuwa rafiki wa mazingira, na kanuni hiyo huitwa taksonomia tu, kana kwamba hakuna nyingine duniani. Barua ya benki ikilitaja neno hili, aghalabu inasema juu ya hiyo.

Katika intaneti mambo yamekwenda kinyume. Yahoo ilianza mwaka 1994 kama orodha ya tovuti iliyopangwa kwa mti na watu wenye macho na akili zao. Tovuti zikawazidi nguvu, na orodha hiyo ikafungwa mwaka 2014. Badala yake watumiaji walianza kubandika lebo wanazozitaka wenyewe, na kitu kimoja kikawa na lebo hata kumi. Mwaka 2004 Thomas Vander Wal aliipa desturi hiyo jina la foksonomia. Inafaa kutafutia picha za harusi. Kwa forodha haifai, kwa kuwa ushuru hautozwi kwa lebo kumi.

Mwagizaji mwenye shaka asisubiri kontena lifike. Mkataba wa kurahisisha biashara wa Shirika la Biashara Duniani, ulioanza kutumika mwaka 2017, unazitaka nchi wanachama ziweke utaratibu wa uamuzi wa awali, yaani mwenye mali aeleze bidhaa yake kwa maandishi na forodha imjibu namba yake kabla haijasafirishwa. Ombi liandikwe kwa undani: imetengenezwa kwa nini, inafanya kazi gani, imefungashwaje. Na wenye orodha za bidhaa kwenye kompyuta zao wakumbuke kwamba toleo linalofuata la HS limepangwa kuanza tarehe 1 Januari 2028. Jedwali letu la karafuu, kwa taarifa ya wasomaji wa Pemba, sasa lina safu mbili, na ya makonyo iko peke yake.