Sataranji: Madaraja ya ubingwa yanavyopatikana na funzo kwa vijana wa mwambao wa Ziwa Tanganyika

Tarehe 20 Julai kila mwaka dunia huadhimisha Siku ya Sataranji, mchezo ambao vijana wengi nchini huuita chesi. Siku hiyo ilitangazwa na Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa mwezi Desemba 2019, kwa kukumbuka kuanzishwa kwa Shirikisho la Sataranji Duniani (FIDE) jijini Paris, Ufaransa, tarehe 20 Julai, 1924.

Kwa mkazi wa Kigoma au Ujiji, maadhimisho hayo yanaweza kuonekana kuwa ni ya watu wa mbali. Hata hivyo, mchezaji wa kwanza kutoka nchi za Afrika zilizo Kusini mwa Sahara kufikia daraja la juu kabisa la mchezo huo ni raia wa Zambia, nchi inayopakana na ziwa hilo hilo kwa upande wa kusini. Aidha, msichana aliyeufanya mchezo huo ufahamike zaidi Afrika Mashariki alitoka katika mtaa wa wananchi wenye kipato duni jijini Kampala, Uganda. Safari za wachezaji hao wawili zinaonesha kipaji kinaweza kumfikisha mtu wapi, na ni mambo gani yanayoweza kukichelewesha.

Katika sataranji, ubora wa mchezaji haupimwi kwa sifa za mtaani. Kila anayeshiriki mashindano yanayotambuliwa na FIDE huwekewa alama ziitwazo Elo, jina linalotokana na Arpad Elo, mtaalamu wa fizikia wa Marekani aliyebuni utaratibu huo. Mchezaji akimshinda aliyemzidi alama hupanda kwa kiasi kikubwa; akishindwa na aliye chini yake hushuka. Tangu mwaka 2024, alama za chini kabisa zinazoorodheshwa ni 1400.

Alama hizo ndizo msingi wa madaraja. Mchezaji anayefikia alama 2200 anaweza kupata daraja la Kandideti Masta, na anayefikia 2300 daraja la Fide Masta. Masta wa Kimataifa huhitaji alama 2400, na Grandimasta, ambalo ni daraja la juu kabisa, huhitaji alama 2500. Kwa madaraja haya mawili ya juu alama pekee hazitoshi. Mchezaji hutakiwa pia kufikia viwango maalumu vya matokeo katika mashindano yenye wapinzani wa nchi mbalimbali na wenye madaraja ya juu. Wanawake wanayo pia madaraja yao, yanayoanza na alama 2000, na hawazuiwi kuwania yale ya jumla.

Amon Simutowe, aliyezaliwa mwaka 1982 mjini Ndola, Zambia, alipita njia hiyo yote. Mwaka 2000 alishika nafasi ya pili katika mashindano ya dunia ya vijana yaliyofanyika Yerevan, Armenia. Baadaye alisoma katika Chuo Kikuu cha Texas kilichopo Dallas, Marekani, chuo kinachofahamika kwa kuwafadhili wanafunzi wenye vipaji vya sataranji. Mwaka 2007, katika mashindano ya Arnhem nchini Uholanzi, alikamilisha viwango vya matokeo vinavyohitajika. Pamoja na hayo, alilazimika kuendelea kutafuta alama zilizobaki, na daraja la Grandimasta alilipata rasmi mwaka 2009.

Miaka hiyo miwili ya kusubiri ina maelezo yake. Alama hupandishwa kwa kucheza na wapinzani wenye alama za juu, na wapinzani hao kwa sehemu kubwa wako nje ya Afrika. Mchezaji wa bara hili huhitaji nauli, viza na malazi kabla hata ya kusogeza kete ya kwanza, ilhali mwenzake wa Ulaya huweza kufika mashindanoni kwa treni. Kwa sababu hiyo, mashindano yanayotambuliwa yanapofanyika karibu na wachezaji, gharama ya kupanda daraja hupungua.

Phiona Mutesi alianzia chini zaidi. Akiwa na umri wa takribani miaka tisa, na akiwa ameacha shule kwa kukosa ada, alimfuata kaka yake hadi mahali ambapo Robert Katende, kocha aliyekuwa akihudumia watoto wa mtaa wa Katwe, alikuwa akifundisha sataranji na kuwagawia watoto uji. Aliyemwelekeza namna kila kete inavyotembea alikuwa mtoto mdogo kuliko yeye.

Mwaka 2010 Mutesi aliiwakilisha Uganda katika Olimpiadi ya Sataranji mjini Khanty-Mansiysk, Urusi. Matokeo yake katika Olimpiadi ya mwaka 2012 jijini Istanbul, Uturuki, yalimpatia daraja la Kandideti Masta wa wanawake. Yeye na mwenzake, Ivy Amoko, wakawa wanawake wa kwanza wa Uganda kupata daraja la FIDE. Maisha yake yaliandikiwa kitabu mwaka 2012 na kutengenezewa filamu mwaka 2016. Yeye mwenyewe alirudi shuleni, kisha akajiunga na chuo kikuu nchini Marekani.

Kwa vipimo vya FIDE, daraja hilo ni la mwanzo. Mafanikio yake hupimwa pia kwa umbali kati ya mahali alipoanzia na alipofika, na kwa kwamba mchezo huo ulimfungulia tena mlango wa shule. Yote hayo yalianza kwa kocha mmoja, mbao chache na mahali pa kukutania.

Mambo hayo matatu yanawezekana Kigoma. Mkoa huo hauanzi bila mtaji, kwa kuwa mchezo wa bao umezoeleka kwenye vibaraza vya Ujiji kama ilivyo katika miji mingine ya Waswahili. Bao la Kiswahili lina mashimo 32 na kete 64; ubao wa sataranji una vyumba 64 na kete 32. Michezo yote miwili haina bahati nasibu. Kila kitu kiko wazi mbele ya wachezaji, na mshindi ni yule anayehesabu mbele zaidi bila kupoteza utulivu. Kijana aliyezoea kupima athari za mtaji mmoja kabla ya kuucheza ana msingi ambao kocha wa sataranji angeanza kuujenga.

Mwananchi au mwalimu anayetaka kuanzisha klabu anaweza kuanzia katika ofisi ya Afisa Michezo wa Halmashauri yake. Vilabu na vyama vya michezo nchini husajiliwa kwa mujibu wa Sheria ya Baraza la Michezo la Taifa (BMT) Na. 12 ya mwaka 1967. Tanzania ni mwanachama wa FIDE, na chama cha taifa cha mchezo huo ndicho kiungo cha mchezaji na mashindano yanayohesabiwa alama. Mchezaji asiyeshiriki mashindano hayo hataonekana katika orodha ya dunia, hata kama hajawahi kushindwa mtaani kwake.

Vifaa vya kuanzia havina gharama kubwa. Ubao unaweza kuchorwa kwenye kadibodi, na kete zikatengenezwa kwa vifuniko vya chupa vilivyoandikwa majina. Kinachohitaji maandalizi ya muda mrefu ni mwalimu mwenye subira, ratiba ya mazoezi isiyogongana na masomo, na nauli ya kumfikisha mtoto kwenye mashindano yake ya kwanza yanayotambuliwa.