Yakobi: Kijiji Kidogo na Mahusiano Yake

Waumini wa Mjimwema mjini Njombe wana jirani aitwaye Yakobi, kijiji kidogo ambacho jina lake lililetwa na Wajerumani. Wamisionari wa Berlin, walioanza kazi Unyakyusa mwaka 1891, walifika Ubena kabla ya karne ya 19 kwisha, wakakiita kituo chao Jakobi.

Mwaka 1905, katika vita vya Maji Maji, wapiganaji wa Mbeyela, mtawala wa Wabena, walikishambulia kituo hicho. Mmisionari Paul Gröschel alikilinda kwa bunduki. Kwake yeye huko kulikuwa kuokoa maisha. Kwa washambuliaji, misioni na serikali ya kikoloni vilikuwa kitu kimoja. Kisha majeshi ya serikali yaliteketeza mashamba na maghala, na njaa ikaua wengi.

Baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia Wajerumani waliondolewa, lakini usharika haukufa. Mwaka 1963 Kanisa la Ubena-Konde lilikuwa mojawapo ya makanisa saba yaliyoungana kuwa KKKT.

Basi, tunapofundisha historia ya kanisa, yatupasa kuwasikiliza waliokuwa ndani ya kituo na waliokuwa nje pia, kwa maana wajukuu wa pande zote mbili hukutana leo katika meza moja ya Bwana.