Tahajia Ipitayo Mdomoni

Katika eneo la Kambove, Haut-Katanga, nchini Kongo, kuna mgodi uliotoa sehemu kubwa ya urani ya mabomu ya Wamarekani ya mwaka 1945. Siku hizi jina lake huandikwa Shinkolobwe. Katika karatasi za Wabelgiji wa zamani utalikuta Chinkolobwe. Mtu wa Tanga akilisoma hilo la pili ataanza na ch ya chai, na atakuwa amekosea. Aliyeliandika alijifunza kusoma kwa Kifaransa, na huko c na h zikikaa pamoja hutoa sh. Ch yetu sisi, ikivuka Ziwa Tanganyika, huvaa herufi tatu: Tshombe, Tshisekedi, Tshiluba. Sauti ni ileile, shule ndizo mbalimbali.

Jambo hili Waingereza huliita spelling, nasi tunasema tahajia au endelezo. Neno lao lina ukoo wa kushangaza. Walilichukua katika Kifaransa cha kale, espeler, nacho kililitoa katika lugha ya Wafranki, watu wa jamii ya Kijerumani. Huko mwanzoni halikuhusu kuandika hata kidogo; maana yake ilikuwa kusema, kusimulia. Waingereza wa kale nao walikuwa na spell yao wenyewe, yaani hadithi au habari, na ndiyo iliyojificha ndani ya gospel, Injili: habari njema. Baadaye ikawa pia maneno ya uchawi, yale yasiyofanya kazi mpaka yatamkwe. Kitenzi nacho kikaja kumaanisha kusoma herufi mojamoja, kama mtoto wa chuoni aanzavyo na alifu. Kupanga herufi sawasawa kwenye karatasi kulifuata nyuma kabisa. Kifaransa cha leo kimebaki na épeler, agizo ambalo mwanafunzi wa Likasi au Lubumbashi, huko Katanga, hulipata kwa mwalimu mbele ya darasa zima.

Nasaba hiyo naitaja kwa sababu Katanga ina kitabu kisichosomeka mpaka kipitie mdomoni.

Mwaka 1965, André Yav, kwa niaba ya chama cha waliokuwa watumishi wa nyumbani, alitoa maandishi yaliyopigwa taipu na kurudufiwa, yakiitwa Vocabulaire, kuhusu mji wa Elisabethville, yaani Lubumbashi ya leo. Jina lasema msamiati, ila ndani ni historia: mji na wazungu wake kama walivyoonekana na mtu aliyewapikia na kuwafulia. Maboyi, ndivyo walivyoitwa, na neno lenyewe ni la Kiingereza. Si ajabu. Reli iliyofika Elisabethville mwaka 1910 na Kambove mwaka 1913 ilitoka kusini, Rhodesia, na Kiingereza kilipanda treni hiyohiyo.

Kiswahili cha Yav ni cha kule kwao: watu ni batu, wazungu ni bazungu. Mwandiko wake ndio unaomtoa jasho msomaji. Neno moja huja leo hivi, kesho vile. L na r hubadilishana viti. Maneno mawili yameshikana ambapo ungetarajia nafasi, na neno moja limekatwa katikati. Ukipitisha macho tu, unapotea kabla ukurasa haujaisha.

Mwanaanthropolojia Johannes Fabian, aliyewahi kufundisha chuo kikuu cha Lubumbashi, alipotaka kuyachapisha, akaomba msaada kwa Kalundi Mango, mwenye lugha hiyo. Kalundi akayasoma kwa sauti, kinasa sauti kikizunguka, kisha usomaji wake ukaandikwa upya. Kilichoonekana rundo la herufi kikageuka mazungumzo ya mzee anayejua anachosema, mwenye kejeli na mwenye kumbukumbu. Mipaka ya maneno ambayo taipu haikuionyesha, pumzi ya msomaji iliionyesha.

Wapo watakaosema Yav hakujua kuandika. Kwa kanuni ya nani? Mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928 ulichagua Kiunguja kiwe msingi wa Kiswahili sanifu, na kamati iliyoanza kazi mwaka 1930 ilihudumia Kenya, Uganda, Tanganyika na Zanzibar. Kongo ya Wabelgiji haikuwa na kiti. Katanga ilikuwa na Kiswahili cha wamisionari, walichokiita bora, na nje ya darasa ilikuwa na kile cha migodini na jikoni. Yav aliandika hicho cha pili, ambacho hakuna aliyekuwa amekikalia kitako kukipangia herufi.

Hata hivyo sitaki kuupamba mwandiko huo. Tahajia isiyo na mkataba humfungia nje msomaji wa mbali. Historia iliyoandikwa na wafanyakazi wenyewe, kitu adimu popote Afrika, ilikaa miaka 25 kabla ya kutoka kama kitabu, nacho kilichapishwa Ulaya, kikiwa na tafsiri na maelezo ya Kiingereza. Mkazi wa Kigoma, ng'ambo tu ya ziwa, angekwama ukurasa wa kwanza. Fabian, kwa sifa yake, hakumsahihisha Yav. Toleo la mwaka 1990 lina yote mawili: maandishi kama yalivyotoka kwenye taipu, na usomaji wa Kalundi. Ukiwa na yote mawili mkononi, anza na Kalundi, tena kwa sauti. Taipu ya Yav itafuata yenyewe.